Kite cha Salundi: shajara ya kuunda sauti ya bahari isiyokuwepo

Salundi ni bahari ya kubuni. Ina visiwa vilivyotawanyika na mabaharia wa majahazi, na juu yake unapita mwezi mkubwa na mwezi mdogo. Mara chache kwa mwaka bahari hiyo hupiga kite: mlio mzito, mrefu, unaotoka mbali kusikojulikana. Katika mswada wa tamthilia ya sauti ninayoishughulikia, mwandishi ameandika hivi tu: "Kite kinasikika. Wote wananyamaza." Kite hicho ndicho kazi yangu.

Naandika kila hatua inapokwisha, pamoja na yaliyoharibika, ili mwenye kazi ya namna hii aanzie nilipofika. Gharama nazihesabu kwa saa na kwa vifaa.

## 11 Januari: tabaka 14, zote nimefuta

Nilianza na mngurumo, kama nadhani wengi wangeanza. Nilichukua rekodi nilizokuwa nazo (radi, lango la chuma likiburutwa, pumzi yangu ndani ya ndoo), nikazipunguza kasi, nikazirundika tabaka 14, kisha nikazimwagia mwangwi mrefu. Saa 19 kwa siku nne. Usiku, kwenye spika kubwa, nywele zilinisimama.

Nikampa dada yangu asikilize bila kumweleza lolote. Akafumba macho, akasikiliza mpaka mwisho, akasema: "Kaka, huyu mnyama yuko pangoni, na mimi umenitia humo humo pamoja naye."

Maneno hayo machache yalikuwa na makosa yangu mawili. Kwanza amesikia mnyama, maana pumzi ya mtu haifichiki hata uipunguze kasi mara ngapi; sikio linaijua. Pili amesikia kuta. Nilidhani mwangwi mrefu huleta umbali, kumbe huleta chumba. Bahari iliyo wazi haina cha kurudisha sauti. Mlio uliosafiri kilomita mia kadhaa juu ya maji hufika umechujwa, umenyooshwa, umechakaa, na hayo hayapatikani kwa kitufe cha mwangwi.

Nimefuta zote. Pumzi yangu hairudi tena katika kazi hii.

## 19 Januari: walichosikia watu wa kweli

Wiki nzima sikurekodi chochote. Nilisoma habari za milio ambayo watu waliisikia kutoka majini wakashindwa kujua inatoka wapi.

Iliyonishika ni ya Krakatoa. Tarehe 27 Agosti 1883 volkano hiyo ya Indonesia ililipuka, na katika kisiwa cha Rodrigues, ng'ambo ya Bahari ya Hindi, takriban kilomita 4,800 kutoka pale, kishindo kilisikika baada ya saa nne hivi kikadhaniwa ni mizinga ya meli. Mizinga! Kwenye delta ya Ganges nako kuna milio ya mbali ambayo tangu zamani inaitwa mizinga ya Barisal, na kwenye ziwa Seneca, jimbo la New York, iko mizinga ya Seneca. Mtu anaposikia asichokijua hukiita kwa jina la kitu kizito anachokijua. Nimeandika hilo ukutani, juu ya meza: wahusika wa Salundi wasiseme "sauti ya ajabu", kila kisiwa kiwe na jina lake la Kite, kutokana na kazi zao.

Ya pili ni ile ya mwaka 1997. Haidrofoni (maikrofoni za chini ya maji) za NOAA, taasisi ya Marekani ya bahari na anga, zilinasa kusini mwa Pasifiki sauti nzito iliyopewa jina la Bloop. Kwa miaka mingi watu waliota mnyama mkubwa kuliko nyangumi. Baadaye NOAA ilieleza kwamba ilikuwa barafu ikipasuka. Na ile rekodi inayojulikana na wengi imeharakishwa mara 16 ili masikio yetu yaipate, kwa hiyo mlio ule wa kububujika ambao watu huuiga mdomoni, bahari yenyewe haikuutoa hivyo.

Kutokana na hayo nimejiwekea sharti. Kite kiwe na chanzo, nikijue mimi kwa mita na kwa sekunde, hata kama hakuna mhusika atakayekifikia. Mwandishi wa tamthilia amekubali.

## 27 Januari: pango ambalo hakuna ambaye angelisikia

Chanzo ni hiki. Mashariki ya mbali ya Salundi kuna ukuta wa mwamba wenye urefu wa kilomita 40, uliotobolewa kama sega la nyuki. Siku nyingi midomo ya mashimo huwa chini ya maji na hewa imebanwa ndani. Mwezi mkubwa na mwezi mdogo zikivuta kwa pamoja, linakuja bamvua kuu: maji yanakupwa kupita kawaida, midomo inafunguka, na mwamba unalia.

Kosa langu lilikuwa kutaka ukubwa. Nilichora pango moja la mita za ujazo 100,000, mdomo wa mita za mraba 100, shingo ya mita 50. Pango la namna hiyo hulia kama chupa inayopulizwa mdomoni, na hesabu yake ilipatikana zamani kwa Helmholtz, mwanafizikia Mjerumani: gawanya eneo la mdomo kwa ujazo mara urefu wa shingo, tafuta kipeuo cha pili cha jibu, zidisha kwa kasi ya sauti, gawanya kwa 6.28. Nilipata hezi 0.24 (hezi ni idadi ya mitetemo kwa sekunde), yaani mtetemo mmoja kila sekunde nne. Sikio la binadamu huanza kupata sauti karibu na hezi 20. Pango langu lingelia kwa nguvu zake zote na Salundi nzima wangeendelea kuvua samaki. Siku tatu za kuchora zimekwenda.

Dawa yake ni mahandaki membamba, yaliyozibwa mwisho mmoja. Handaki la hivyo hulia kwa kasi ya sauti ikigawanywa kwa urefu wake mara nne. La mita 30 linatoa 340 kugawanya kwa 120, yaani hezi 2.8. Bado chini mno, ila bomba lililozibwa mwisho mmoja halitoi mlio mmoja: hutoa pia mara 3 yake, mara 5, mara 7, namba witiri zote. Mara 11 ni hezi 31.2, na hiyo inasikika. Iliyo chini yake haisikiki vizuri, lakini ikiwa na nguvu, kifua kinaipokea.

Na hapa nilipata zawadi ambayo sikuitafuta. Weka handaki la pili lenye urefu wa mita 30 na sentimita 12. Mlio wake wa 11 ni hezi 31.04. Milio miwili iliyokaribiana hivyo ikilia pamoja, inapanda na kushuka, mara inasaidiana, mara inafutana, na mzunguko huo unachukua sekunde 8. Pumzi ya kiumbe kikubwa kilicholala! Niliifuta yangu tarehe 11, na mwamba umejipatia yake kwa tofauti ya sentimita 12.

## 9 Februari: mabomba mawili

Ningeweza kuyapata yote haya kwa kompyuta. Nilijaribu kwa saa mbili: nikajumlisha mawimbi safi ya hezi zile zile, nikapata mlio wa mashine ya umeme iliyo chumba cha pili. Mwamba hauna usafi huo. Nikaamua kujenga mfano wa moja kwa nane.

Handaki la mita 30 likigawanywa kwa nane ni bomba la mita 3.75. Kila mlio wake unapanda mara nane, kwa hiyo ule wa hezi 31 unakuwa 249. Unarekodi, unapunguza kasi mara nane, unarudi mahali pake. Tofauti ya sentimita 12 inakuwa sentimita moja na nusu. Nilitumia mabomba ya plastiki ya maji taka, mapya, yenye kipenyo cha sentimita 11, nikayaziba mwisho mmoja kwa mbao na gundi.

Kupuliza kwa mdomo hakukufaa: bomba lilichagua mlio mmoja mwembamba likapiga mluzi. Kufyatua mpira uliofunika mdomo wa bomba kulitoa milio yote, lakini ikafa kabla ya nusu sekunde. Kilichofaa ni feni ndogo inayopitisha upepo hafifu kukatiza mdomo wa bomba, bila kuingia ndani. Upepo wenyewe ni mchakarisho wa sauti zote, na bomba linachagua zake.

Kosa lililonila siku mbili lilikuwa la maikrofoni. Nilitoboa tundu la kuiingizia mita 1.7 kutoka mwisho uliozibwa, kwa sababu tu hapo mkono ulifika vizuri. Rekodi zote zikatoka bila ule mlio wa 11, wenyewe niliojengea bomba. Nilibadilisha waya, nikabadilisha maikrofoni, nikalaumu feni. Mwishowe nilichukua karatasi nikachora wimbi: ndani ya bomba kila mlio una mahali ambapo hewa haibanwi wala haiachiwi, na mlio wa 11 una pahali hapo kwenye sehemu tano za kumi na moja kutoka mwisho uliozibwa. Mita 3.75 mara tano, gawanya kwa 11: mita 1.70. Nilikuwa nimetoboa kwenye ukimya wenyewe. Maikrofoni inatakiwa iwe pale pale penye kizibo, ambako milio yote ina nguvu. Nimeziba tundu la zamani kwa utepe na kutoboa kizibo.

Kosa la pili lilikuwa la jua. Mabomba yalilala uani, moja kivulini, moja juani. Mpando na mshuko uliotakiwa kuchukua sekunde moja (kabla ya kupunguza kasi) ulikuwa unabadilika kila dakika, mara wa haraka, mara umepotea. Kasi ya sauti huongezeka takriban mita 0.6 kwa sekunde kwa kila nyuzi moja ya Selsiasi. Kwenye hezi 249 hiyo ni karibu nusu hezi kwa nyuzi moja, na mimi natafuta tofauti ya hezi moja. Nilirudia yote saa tisa usiku, mabomba yakiwa yamelazwa pamoja sakafuni, na pumzi ikatulia.

Kwa atakayekata bomba lake: hewa iliyo nje kidogo ya mdomo nayo hutetema, hivyo bomba hulia kama refu zaidi kwa takriban 0.6 ya nusu kipenyo. Mimi nilipunguza sentimita tatu.

Gharama ya hatua hii: saa 41, bomba moja lililopasuka, usiku mbili bila usingizi.

## 24 Februari: umbali

Sasa nilikuwa na mwamba unaolia kando yangu. Ilibaki kuupeleka kilomita 600.

Hewa hula sauti nyembamba kwanza. Mluzi hufa njiani, besi hupita. Basi nikaweka kichujio kikali, nikakata kila kilicho juu ya hezi 100. Matokeo: muziki wa sherehe nyumba ya jirani, nyuma ya ukuta. Sikio linalijua lile, maana ukuta hukata ghafla namna hiyo. Umbali haukati hivyo, unaondoa kidogo kidogo, na kadiri mlio unavyokuwa mwembamba ndivyo unavyoliwa haraka zaidi. Nilitoa kichujio kikali nikaweka vitano laini, kimoja baada ya kingine, kila kimoja nikikihesabu kama kipande cha safari.

Bado ilikuwa na kasoro ambayo sikuweza kuitaja kwa siku mbili. Ilianza. Ilikuwa na mwanzo, kama mlango unaofunguliwa. Jibu lilinijia nikisikiliza radi ya kweli. Cheche ya radi hukatika kwa muda mfupi mno, lakini ngurumo yake hujiburuta, kwa kuwa njia ya umeme ina urefu wa kilomita kadhaa na sauti za sehemu zake hufika kwa nyakati tofauti. Ukuta wangu una kilomita 40! Kwa msikilizaji aliye upande wa ncha yake, sauti ya ncha ya karibu inatangulia ile ya mbali kwa mita 40,000 kugawanya kwa 340, karibu sekunde 118. Kite hakiwezi kuanza. Kinaongezeka kwa dakika mbili, na mtu anakigundua akiwa tayari ndani yake.

Nimetandaza nakala 60 za rekodi ya mabomba kwenye sekunde hizo 118, kila moja na kasi tofauti kidogo, hakuna inayolingana na nyingine. Dada alipoisikia safari hii hakusema kitu kwa muda. Kisha: "Kimeanza saa ngapi?"

## 3 Machi: mlio ndani ya mbao

Mwandishi alitaka sauti ya Kite ndani ya ngama ya jahazi, kama inavyosikika kwa aliyelala chini. Nilinunua visahani vitatu vya piezo, vile vya shaba vinavyotumika kwenye vipiga kelele, niwe navyo kama maikrofoni ya kugusa mbao.

Kisahani cha kwanza kilikufa majini. Nilikizamisha pipani kujaribu mlio wa maji, gundi ikaachia kwenye maungio, na maji yakaufuata waya mpaka kwenye kinasa sauti. Tundu moja la kinasa halifanyi kazi tena. Ukizamisha chochote, funika maungio yote mpaka juu ya waya, acha gundi siku nzima ikauke, kisha jaribu bila kinasa.

Kisahani cha pili kilifanya kazi bila kutoa besi hata kidogo. Kite kilitoka kama nzi. Watu wengi husema piezo "haina besi" na wanaiacha hapo, lakini tatizo haliko kwenye kisahani. Kisahani changu kina uwezo wa kuhifadhi chaji wa nanofaradi 20 hivi. Ukikichomeka kwenye tundu lenye ukinzani wa omu 10,000, vitu hivyo viwili vinakuwa kichujio kinachopunguza kila kilicho chini ya hezi 800 hivi. Ukikichomeka kwenye tundu la gitaa, lenye ukinzani wa omu milioni moja, mpaka unashuka hadi hezi 8. Kisahani kile kile, waya ule ule. Niliazima kikuza sauti cha gitaa, na besi ilitoka mpaka meza ikatetema.

Baada ya hapo kazi ilikuwa nyepesi: ubao mnene wa mita mbili, spika imelazwa upande mmoja, kisahani kimebandikwa upande wa pili, Kite kinapita ndani ya mbao. Nimerekodi dakika 40.

## 12 Machi: simu

Hatua hii ilikaribia kunivunja moyo. Niliichukua sauti iliyokamilika, nikaicheza kwenye simu, kwa kuwa wengi wataisikiliza hivyo. Kimya. Dakika mbili za kimya safi. Spika ya simu ni ndogo, haina uwezo wa kusukuma hewa ya hezi 31, na nyingi huanza kuwa na nguvu juu ya hezi 300.

Jaribio la kwanza lilikuwa kuongeza nguvu. Simu ilikwaruza, Kite hakikutokea.

Jaribio la pili lilikuwa la ubongo. Ukimpa mtu vizidishio vya mlio mzito (milio ya mara mbili yake, mara tatu na kuendelea) bila mlio wenyewe, ubongo huujaza ule wa chini kana kwamba upo. Ndiyo maana sauti nene ya mwanamume hutambulika kwenye simu ambayo haina uwezo wa kuitoa. Nikaongeza vizidishio vya 31 mpaka karibu 400. Kite kilisikika kwenye simu, lakini kikawa kimesogea. Hezi 400 zenye nguvu hiyo hazitoki kilomita 600. Nilichokijenga tarehe 24 nilikuwa nakibomoa.

Nilizunguka na fumbo hilo kwa siku tano. Umbali unataka niondoe sauti nyembamba, na simu inataka niziweke.

Ufumbuzi ulikuja usiku gari kubwa lilipopita barabarani. Gari lenyewe sikulisikia. Nilisikia glasi zikigongana kabatini.

Kite kibaki kizito vile vile. Nyembamba zitoke kwa vitu vilivyo karibu na mhusika: vikombe vya bati vinavyoanza kugusana, mnyororo wa nanga, misumari inayolia kwenye taruma, maji ya ngama yanayochezacheza. Sauti hizo zina haki ya kuwa nyembamba kwa kuwa ziko hatua mbili tu kutoka kwake. Nilirekodi vikombe na mnyororo juu ya ule ubao, vikitikiswa na Kite chenyewe kupitia spika, ili pumzi ya sekunde 8 iwemo hata kwenye vikombe. Kwenye simu unasikia vyombo vikipumua pamoja, lakini huoni kinachovitikisa. Kwenye hedifoni nzuri unasikia vyote. Vizidishio nimevibakiza kidogo sana, visizidi hezi 150.

Hii ndiyo sehemu ya kazi ninayoipenda kuliko zote.

## 20 Machi: majini kwanza, hewani baadaye

Kosa la hatua hii lilikuwa kwenye mswada na mimi sikuliona tangu Januari. Katika kipindi cha pili, kisiwa kilicho kilomita 260 kutoka ukutani na kingine kilicho kilomita 600 vinasikia Kite kwa wakati mmoja, na watu wa visiwa hivyo wanaapa walikitaja kwenye sala ile ile. Haiwezekani. Hewani sauti inafika kisiwa cha kwanza baada ya dakika 12 na sekunde 45, cha pili baada ya dakika 29 na sekunde 25.

Nilipokuwa naandika barua ya masahihisho ndipo nilipokumbuka maji. Mwaka 1826 Colladon na Sturm walipima kasi ya sauti katika ziwa la Geneva kwa kengele iliyozamishwa, wakapata mita 1,435 kwa sekunde. Baharini ni takriban 1,500. Na maji hubeba mbali: mwaka 1960 milipuko iliyofanywa baharini karibu na Perth, Australia, ilinaswa Bermuda, karibu kilomita 20,000, baada ya zaidi ya saa tatu na nusu.

Basi Kite kinafika mara mbili. Kwanza kwenye mkuku wa jahazi, kupitia maji; kisha masikioni, kupitia hewa. Aliye kilomita 600 anakipata mbaoni dakika 6 na sekunde 40 baada ya mwamba kulia, na hewani karibu dakika 23 baada ya hapo. Nimepiga hesabu: kila dakika moja kati ya kufika kwa kwanza na kwa pili ni kilomita 26 na kidogo. (Sauti ya hewani hupinda njiani na safari huongezeka, nimeliacha hilo.)

Nahodha asiyejua kusoma wala kuandika anaweza kuijua hesabu hiyo kwa vidole. Nilimpelekea mwandishi jedwali la mistari sita. Akanijibu siku iliyofuata kwamba amefuta onyesho zima la visiwa viwili na analiandika upya, na kwamba nahodha wake, bibi mzee ambaye hakuwa na kazi kubwa katika tamthilia, sasa ndiye anayehesabu. Amempa pia mrija mrefu wa kuzamisha majini. Leonardo da Vinci aliandika juu ya mrija wa namna hiyo mwishoni mwa karne ya 15: zamisha ncha moja, weka sikio kwenye nyingine, utasikia merikebu zilizo mbali.

Kwenye mchanganyo nimelazimika kupanga upya kila tukio. Saa 22.

## 2 Aprili: kipindi cha sita

Hiki ni kipindi ambacho jahazi linaukaribia ukuta, limebakiza kilomita 100. Kwenye mswada wa zamani palikuwa na maneno "Kite kinaziba masikio." Nilitayarisha sauti kubwa kuliko zote, nikaisikiliza mara tatu, nikaitoa.

Karibu na ardhi hewa hupoa kadiri unavyopanda, na sauti hupinda kwenda juu, mbali na masikio. Ikifika kilomita 40 au 50 angani, hewa yenye joto zaidi huipindisha irudi chini, na inatua mbali sana. Katikati kunakuwa na eneo la ukimya. Mlipuko wa Oppau, Ujerumani, mwaka 1921, ulisikika Munich, karibu kilomita 300, wakati kuna sehemu za karibu zaidi ambazo hazikuusikia. Jahazi letu limo ndani ya eneo hilo.

Kwa hiyo nimebakiza rekodi ya ubao peke yake, ile ya tarehe 3 Machi, pamoja na vikombe na mnyororo. Hewani hakuna kitu ila tanga na maji. Mkuku unatetema kuliko siku zote, na bibi anaanza kuhesabu. Dakika nne zingemwambia kilomita 105. Zinapita. Kumi zinapita. Ishirini zinapita, na kwa hesabu yake mwenyewe wako zaidi ya kilomita 500, safari ya siku nyingi bado, na baharia mmoja anaomba ruhusa akalale.

Mwandishi amebadilisha na lile agizo la kwanza kabisa. Sasa limeandikwa: "Vikombe vinagusana. Bibi anaweka kidole cha kwanza mezani."

Jumla mpaka leo: saa 168, bomba moja, kisahani kimoja cha piezo, tundu moja la kinasa sauti. Kipindi cha sita kina dakika 11 ambazo kwenye spika hazina Kite hata kidogo, na faili lake nimelikabidhi asubuhi hii.